Howard Hawks: Mtunga filamu wa Marekani aliyeifuata hadithi hadi Manyara

Neno HATARI lipo kwenye nguzo za umeme pamoja na mchoro wa fuvu, na ni vigumu kumpata mtoto wa Hanang au Mbulu ambaye hajawahi kulisoma. Mwaka 1962 neno hilohilo lilipandishwa juu ya milango ya majumba ya sinema huko Marekani na Ulaya, likiwa na alama ya mshangao mbele yake, bila kutafsiriwa. Lilikuwa jina la filamu ya saa mbili na dakika 37 iliyopigwa kaskazini mwa Tanganyika, kuanzia Arusha na Momella hadi Manyara na Ngorongoro. Aliyeitayarisha na kuiongoza alikuwa mzee wa Kimarekani, mrefu na mkimya, aliyeanza kazi ya sinema wakati filamu bado hazina sauti.

Mzee huyo aliitwa Howard Hawks. Wengi wanaokumbuka filamu ya Hatari! humkumbuka mwigizaji wake mkuu, John Wayne, au vifaru wakiyagonga magari kwa pembe. Jina la Hawks hutajwa kwa nadra. Hata hivyo, ni mmoja wa watu wachache waliopita katika karibu kila hatua ya sinema ya Marekani: alibeba vifaa, alitoa fedha, alinunua hadithi, aliandika miswada, alitayarisha na kuongoza. Alipofika kwetu alikuwa na umri wa miaka 64, na karibu kila alichokifanya hapa alikuwa amekwisha kujifunza zaidi ya miaka thelathini kabla.

Mtoto wa tajiri wa karatasi

Howard Winchester Hawks alizaliwa tarehe 30 Mei 1896 katika mji mdogo wa Goshen, jimbo la Indiana. Familia yake ilikuwa na mali iliyotokana na viwanda, na baba yake alifanya biashara ya karatasi katika jimbo la Wisconsin. Baadaye familia ilihamia Pasadena, California, karibu na Los Angeles. Uhamisho huo ndio uliomweka Hawks jirani na sinema, kwa sababu katika miaka hiyo kampuni za filamu zilikuwa zinahama kutoka mashariki mwa Marekani kwenda Hollywood, kufuata jua la mwaka mzima na ardhi ya bei nafuu.

Hawks hakukusudia kuwa mtu wa sanaa. Alisoma uhandisi wa mitambo katika Chuo Kikuu cha Cornell, na mapenzi yake yalikuwa magari ya mashindano na ndege. Ilikuwa wakati wa likizo, mwaka 1916 na 1917, alipopata kibarua katika kampuni ya Famous Players-Lasky, kwenye idara ya vifaa vya jukwaani. Kazi yake ilikuwa kutafuta viti, taa, mapazia na kila kitu ambacho mwigizaji angekishika mbele ya kamera.

Yeye mwenyewe alisimulia kwamba siku moja mwongozaji alishindwa kufika kazini, naye kijana wa vifaa akajitolea kupiga vipande kadhaa vya filamu pamoja na nyota mkubwa wa wakati huo, Mary Pickford. Hadithi hiyo ichukuliwe kwa tahadhari. Hawks alipenda kuyapamba maisha yake kama alivyopamba filamu zake, na waandishi wa historia yake wamepata kazi ya kutenganisha ukweli na chumvi.

Marekani ilipoingia Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Hawks alijiunga na kikosi cha anga. Hakupelekwa vitani Ulaya. Alibaki nyumbani akifundisha wengine kuruka. Vita vilipokwisha alirudi Hollywood akiwa na mambo mawili ambayo vijana wengi wa sinema hawakuwa nayo: elimu ya mitambo, na fedha za familia.

Kwenye meza ya hadithi

Fedha hizo zilimfanya mtayarishaji kabla hajawa kitu kingine. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 aliungana na waongozaji kadhaa waliotaka kufanya kazi nje ya mamlaka ya studio kubwa, yeye akisimamia matumizi na mikataba. Mwaka 1923 alitunga na kutayarisha filamu iitwayo Quicksands, iliyoongozwa na Jack Conway.

Hatua iliyomjenga zaidi ilikuja alipoajiriwa na Jesse Lasky, mkuu wa Famous Players-Lasky, kusimamia idara ya hadithi. Inafaa kueleza kazi hiyo, kwa sababu leo wengi hudhani filamu huanza na kamera. Studio ilihitaji filamu nyingi kila mwaka, na kila moja ilihitaji hadithi. Idara ya hadithi ilisoma riwaya, tamthilia na magazeti, ikachagua kinachofaa, ikanunua haki zake kwa mwandishi, kisha ikawapa watu wa kuigeuza hadithi hiyo kuwa orodha ya matukio yanayoweza kupigwa picha. Katika filamu zisizo na sauti, idara hiyohiyo iliandika pia kadi za maneno zilizoonyeshwa katikati ya picha ili mtazamaji ajue nani anasema nini.

Hawks alisimamia hadithi za filamu nyingi kwa namna hiyo. Alipendelea waandishi waliokuwa na majina tayari, kwa kuamini kwamba hadithi nzuri ya kununua hugharimu kidogo kuliko hadithi mbovu ya kurekebisha. Jina lake kama mwandishi lilionekana kwenye filamu ya Tiger Love ya mwaka 1924, na mwaka 1925 alishiriki kutunga hadithi ya The Dressmaker from Paris. Baadaye alihamia studio ya MGM kufanya kazi ya namna hiyo chini ya Irving Thalberg, mtayarishaji kijana aliyeheshimiwa kuliko wote Hollywood.

Katika miaka hiyo ya mezani Hawks alijifunza jambo alilolishika hadi mwisho: anayeishika hadithi ndiye anayeishika filamu. Mwongozaji aliyeajiriwa kupiga muswada wa mtu mwingine angeweza kubadilishwa wiki yoyote. Kwa sababu hiyo, alipopata nguvu, Hawks alihakikisha mara nyingi anakuwa mwongozaji na mtayarishaji kwa wakati mmoja, na anakaa na waandishi wake mpaka siku ya mwisho ya kupiga picha, hata pale jina lake lisipoandikwa kwenye orodha ya waandishi.

Kutoka ukimya hadi maneno ya kasi

MGM haikumpa nafasi ya kuongoza, akaondoka. Studio ya Fox ilimpokea mwaka 1925, na mwaka uliofuata akatoa filamu yake ya kwanza kama mwongozaji, The Road to Glory, iliyotokana na hadithi aliyoiandika mwenyewe. Filamu hiyo imepotea. Hakuna nakala inayojulikana kubaki, kama ilivyotokea kwa filamu nyingi za enzi hiyo, ambazo utepe wake uliharibika haraka na kushika moto kwa urahisi.

Sauti ilipoingia kwenye sinema mwishoni mwa miaka ya 1920, watu wengi wa filamu za kimya walipoteza kazi. Hawks alivuka. Mwaka 1930 alitoa The Dawn Patrol, filamu ya marubani wa vita, na akawafanya waigizaji waseme kwa sauti ya kawaida, bila kupaza kama wako jukwaani. Mwaka huohuo alipata msiba. Tarehe 2 Januari 1930 mdogo wake, Kenneth Hawks, naye mwongozaji, alikufa baada ya ndege mbili kugongana angani wakati wa kupiga filamu. Tangu hapo, watu wanaofanya kazi inayoweza kuwaua walijaa katika filamu za Howard: marubani, madereva wa magari ya mashindano, wavuvi, wachunga ng'ombe, na mwisho wakamata wanyama.

Mwaka 1932 ilitoka Scarface, kisa cha jambazi wa Chicago kilichoandikwa zaidi na Ben Hecht, aliyewahi kuwa mwandishi wa habari katika mji huo. Wakaguzi wa filamu waliikalia kwa miezi wakidai inawatukuza wahalifu, na ikabidi ipewe maelezo ya kuwalaumu majambazi kabla ya kuonyeshwa. Leo inahesabiwa miongoni mwa filamu zilizoweka kanuni za picha zote za majambazi zilizofuata.

Kisha Hawks akageukia vichekesho. Bringing Up Baby ya mwaka 1938 inamhusu mtaalamu wa mifupa ya wanyama wa kale anayeingizwa matatani na mwanamke tajiri mwenye chui wa kufugwa. Ilipotoka haikuleta fedha zilizotarajiwa. Miaka mingi baadaye ikawa darasa la kila anayetaka kuandika vichekesho. Mwaka 1940 alichukua tamthilia maarufu ya waandishi wa habari wawili wanaume, akambadilisha mmoja kuwa mwanamke, na filamu ikaitwa His Girl Friday. Wahusika wake huzungumza kwa kasi na kukatizana kama watu wa kawaida wanavyofanya sokoni. Badiliko hilo moja, lililofanyika kwenye karatasi kabla kamera haijawashwa, lilizaa filamu mpya kabisa.

Waandishi waliomzunguka

Hawks alijua mipaka yake kama mwandishi, akawatafuta waliomzidi. William Faulkner, aliyepata baadaye Tuzo ya Nobel ya Fasihi ya mwaka 1949, alimwandikia filamu kadhaa kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1930, wakati vitabu vyake havikuwa vinamletea fedha za kutosha. Faulkner alishiriki katika To Have and Have Not ya mwaka 1944, iliyotokana na kitabu cha Ernest Hemingway, na The Big Sleep ya mwaka 1946.

Mwandishi mwingine wa The Big Sleep alikuwa Leigh Brackett. Hawks alikuwa amesoma riwaya yake ya upelelezi, akaagiza aitwe, akidhani kwa lile jina kwamba ni mwanamume. Aliyeingia ofisini alikuwa mwanamke kijana. Alimpa kazi, na Brackett akaendelea kumwandikia kwa karibu miaka 25: Rio Bravo, El Dorado, Rio Lobo, na ile iliyomhusu mtazamaji wa Tanganyika, Hatari!

Filamu moja ya Hawks ambayo mfugaji wa Getanuwas angeielewa hata bila tafsiri ni Red River ya mwaka 1948. Ni picha ya kauboi, lakini kiini chake ni mifugo: mwenye kundi anaamua kuswaga maelfu ya ng'ombe kutoka Texas hadi kwenye reli ya Missouri, kwa sababu nyumbani hakuna soko. Njiani kuna kiu, kuna mito ya kuvuka, kuna kundi linaloshtuka usiku na kutimua mbio. Mzee anakuwa mkali kupita kiasi, na kijana aliyemlea kama mwanawe anamnyang'anya kundi. Hawks aliipiga filamu hiyo na ng'ombe halisi wengi sana, na hapo alijifunza kwamba mnyama hafuati muswada. Kamera humsubiri, na mwandishi hurekebisha baadaye.

Kuanguka na kurudi

Mwaka 1955 alitoa Land of the Pharaohs, filamu kubwa kuhusu ujenzi wa piramidi, iliyopigwa Misri na maelfu ya watu. Ilikuwa hasara. Hawks aliona kwamba hakujua Farao anazungumzaje, na waandishi wake, Faulkner akiwemo, hawakujua pia. Alikaa karibu miaka minne bila kutoa filamu, sehemu kubwa ya muda huo akiwa Ulaya.

Wakati huo vijana wa Ufaransa walioandika katika jarida la Cahiers du cinéma, baadhi yao wakiwa waongozaji mashuhuri wa baadaye, walikuwa wameanza kumtetea. Walidai kwamba mtu huyu, ambaye Marekani ilimwona kama fundi mzuri wa kazi za studio, alikuwa na mtazamo mmoja unaoonekana katika picha zake zote: kundi dogo la watu wanaoheshimiana kwa uwezo wa kazi, mahali ambapo kosa moja linaua.

Alirudi mwaka 1959 na Rio Bravo, ikapata watazamaji wengi. Kwa mafanikio hayo Hawks alipewa nafasi ya kuchagua anachotaka. Alichagua Tanganyika.

Mwishoni mwa mwaka 1960

Hollywood haikuwa ngeni Afrika Mashariki. Trader Horn ya mwaka 1931, King Solomon's Mines ya mwaka 1950 na Mogambo ya mwaka 1953 zilikuwa zimepigwa kwa sehemu katika nchi zetu. Kilichomtofautisha Hawks ni mpango wake. Alikuja na wazo la hadithi lililotungwa na Harry Kurnitz, akamleta Brackett kuandika, lakini muswada uliokamilika hakuwa nao na hakuutaka. Wazo lilikuwa jepesi: kundi la wageni kutoka mataifa mbalimbali linakamata wanyama wa porini kwa ajili ya bustani za wanyama za nje, kwa msimu mmoja wa uwindaji, kutoka kambi ya Momella chini ya Mlima Meru. Matukio yenyewe yangetoka porini.

Siku za kupiga picha zilianza kwa kutafuta wanyama. Wakiwapata, magari yaliwafukuza kwenye tambarare, mwigizaji akiwa ameketi kwenye kiti kilichofungwa mbele ya lori, mkononi ana mti mrefu wenye kitanzi cha kamba. Willy de Beer, mkamataji wanyama wa kazi hiyo hapa Tanganyika, ndiye aliyewashauri. Waigizaji walifanya wenyewe sehemu kubwa ya ukamataji unaoonekana, John Wayne akiwemo. Mpiga picha Russell Harlan alikuwa na kazi ya kuziweka kamera kwenye magari yanayorukaruka mashimoni, na kwa kazi hiyo aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar.

Tukio linalokumbukwa zaidi linahusu kifaru aliyekwisha kufungwa kamba kisha akakwapuka. Hilo halikupangwa. Waigizaji walilazimika kumkamata upya wakati kamera zinaendelea, na Hawks akalibakiza kwenye filamu. Mazungumzo ya kambini, mapenzi na utani wa jioni viliandikwa kuzunguka yale yaliyopatikana mchana. Yule msimamizi wa idara ya hadithi wa mwaka 1924, aliyetafuta hadithi magazetini na kuigeuza kuwa matukio, sasa alitafuta matukio kwanza na hadithi ikafuata.

Filamu ilipotoka mwaka 1962, Tanganyika ilikuwa imepata Uhuru miezi michache kabla. Muziki wake ulitungwa na Henry Mancini, na kipande kimoja cha ndama wa tembo wakienda kuoga kiliishi kuliko filamu yenyewe. Mpaka leo husikika redioni na kwenye matangazo, na wengi wanaokipiga mluzi hawajui kwamba kilizaliwa kutokana na picha za Tanganyika. Mwigizaji Mjerumani Hardy Krüger aliipenda Momella kiasi cha kununua ardhi pale na kuishi kwa zaidi ya miaka kumi.

Wanyama waliobaki kwenye utepe

Kwa mtazamaji wa leo, Hatari! ni kumbukumbu ambayo Hawks hakukusudia kuiweka. Inaonyesha faru weusi wakitembea kwenye uwanda wazi kama jambo la kawaida. Katikati ya miaka ya 1960 mtafiti mmoja aliwatambua faru 108 ndani ya kreta ya Ngorongoro na maeneo yake. Ujangili wa miaka ya 1970 na 1980 uliwapunguza hadi kubaki karibu kumi na wachache. Katika Hifadhi ya Ziwa Manyara, iliyotangazwa mwaka uleule wa 1960 ambao Hawks alifika, faru walitoweka kabisa.

Filamu hiyo inaonyesha pia njia ya ukamataji ambayo wataalamu wa leo wanaikataa. Mnyama anayefukuzwa kwa muda mrefu huchoka hadi misuli na moyo wake kuharibika, na anaweza kufa saa au siku kadhaa baadaye ingawa alionekana mzima. Siku hizi hutumika bunduki ya sindano yenye dawa ya kulaza, mara nyingi kwa msaada wa helikopta na daktari wa mifugo. Septemba 1961, miezi michache baada ya kamera za Hawks kuondoka, Mwalimu Julius Nyerere alitoa huko Arusha tamko linaloeleza kwamba wanyamapori ni dhamana ambayo nchi mpya inaichukua mikononi mwake. Wageni kuja kukamata na kusafirisha kungeanza kutazamwa kwa jicho jingine.

Upande usiosikika

Kuna jambo jingine ambalo mtazamaji wa Manyara hawezi kulikwepa. Wahusika wakuu wa Hatari! ni Wamarekani na Wazungu. Watu wa hapa wanaonekana: wanaendesha kazi za kambi, wanabeba vizimba, na kuna sehemu ambapo Wa-Arusha wanampa mpigapicha wa kike, aliyechezwa na Elsa Martinelli, jina la Mama Tembo. Lakini hadithi haimfuati hata mmoja wao nyumbani kwake. Hakuna anayeonekana akiamua jambo lolote linalobadilisha mwelekeo wa kisa. Uwanda unaonekana kama mali ya wanyama na wa yule anayekuja kuwakamata.

Hawks hakuwa wa kwanza kuiona nchi namna hiyo, na hakuwa mkatili kuliko wenzake. Alifanya alichozoea. Kundi lake la watu wanaoheshimiana kwa kazi lilikuwa na Mfaransa, Mjerumani, Mmarekani wa asili ya Mexico na mwanamke wa Kiitalia, jambo ambalo kwa filamu za wakati ule lilikuwa pana. Mlango wa kundi hilo haukumfikia mkamataji au mfuatilia nyayo Mtanganyika, ingawa bila watu hao kazi ya aina ile haiendi.

Picha ya ardhi isiyo na mwenyewe ina uzito kwa wasikilizaji wa Hanang. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960, mashamba makubwa ya ngano yalifunguliwa katika nyanda za Basotu kwa msaada wa Kanada, juu ya malisho ambayo Wadatoga walikuwa wakiyatumia kwa zamu kulingana na mvua. Waliopanga waliona uwanda mtupu, kwa sababu siku waliyofika ng'ombe walikuwa upande mwingine. Filamu haikuleta mashamba hayo. Inatuonyesha tu jinsi nchi yetu ilivyoonekana machoni mwa mgeni mwenye nia njema na kifaa kizuri, katika miaka ileile.

Miaka ya mwisho

Baada ya Hatari! Hawks alitoa filamu nne tu. Ya mwisho, Rio Lobo, ilitoka mwaka 1970, tena akiwa na Wayne na muswada wa Brackett. Katika maisha yake yote aliteuliwa mara moja tu kuwania Oscar ya mwongozaji bora, kwa filamu ya Sergeant York ya mwaka 1941, na hakuipata. Mwaka 1975 alipewa Oscar ya heshima kwa kazi yake yote, na aliyemkabidhi alikuwa John Wayne.

Alifariki tarehe 26 Desemba 1977 huko Palm Springs, California, akiwa na miaka 81, siku moja baada ya kifo cha Charlie Chaplin. Alikuwa amejikwaa kwa mbwa wake nyumbani na kuanguka, na hakupona. Aliyewapeleka watu mbele ya faru aliangushwa na mnyama wa kufugwa.

Leigh Brackett alimfuata mwaka 1978, baada ya kuandika rasimu ya kwanza ya muswada wa The Empire Strikes Back, filamu ya pili ya Star Wars. Karibu wote walioonekana mbele ya kamera za Momella wamekwisha kufa. Krüger alifariki Januari 2022.

Huku kwetu bado wapo wazee waliokuwa vijana mwaka 1960, katika vijiji vya kati ya Meru, Manyara na nyanda za Mbulu. Wengine huenda waliyaona malori yale yenye viti mbele na hawakujua ni ya nini. Hawks alipoteza filamu yake ya kwanza kwa sababu hakuna aliyeitunza nakala. Kumbukumbu za wazee hao nazo hazina nakala, na kinasa sauti kidogo cha simu kinatosha kuzihifadhi.